Salum, mtafute mtu wa tatu

Tabata, Dar es Salaam
Jumapili usiku

Salum ndugu yangu,

Asalaam aleikum, na pole na joto la Muscat. Ujumbe wako niliupata wiki mbili zilizopita, nikaona jambo lenyewe si la kujibiwa kwa kidole gumba kwenye simu, ndiyo maana nimekaa na karatasi. Mama watoto ananishangaa. Ananiuliza kama nina deni.

Umesema unampeleka mzee wako Umra, mtakuwa wawili siku kumi, na tangu uvuke bahari hamjawahi kukaa pamoja hata siku mbili mfululizo. Unauliza mtaongea nini. Eti kimya chake kinakutisha kuliko nauli. Nilicheka, halafu kicheko kikakauka, maana mwezi Juni na mimi nilikuwa hapo hapo ulipo.

Mzee wangu unamjua. Ukimwuliza habari za asubuhi anajibu "nzuri", na hilo neno linakutosha mpaka jioni. Basi siku moja akatamka kwamba anataka kwenda Makambako, kwenye kaburi la baba yake. Ana miaka 72, magoti yamechoka, nikampangia safari ya starehe: treni ya umeme mpaka Dodoma, saa chache tu umefika, halafu gari dogo kupitia Iringa. Akanisikiliza mpaka mwisho, akasema, "Mimi nataka ile yetu."

Ile yetu ni TAZARA, reli ya Dar mpaka Zambia. Kwamba aliwahi kufanya kazi ya kuijenga tulikuwa tunajua nyumbani, lakini tulijua kama unavyojua kwamba bibi yako alikuwa mrembo. Ni habari ya kabla hujazaliwa, hakuna anayeifuatilia.

Nikuambie ujinga wangu. Niliandika maswali kwenye simu, kumi na mawili, yenye namba kabisa. Kwa nini uliacha reli? Ulikutana wapi na Mama? Kwa nini hukuja siku ya mahafali yangu? Nikapanga ninunue vitanda vyote vinne vya chumba cha daraja la kwanza, tuwe peke yetu, nimwulize moja moja kama karani wa sensa. Pesa haikutosha. Nilinunua viwili, nikalalamika moyoni njia nzima hadi stesheni.

Stesheni yenyewe unaikumbuka, ile njia ya kwenda uwanja wa ndege, na ukumbi wake ambao dari lake liko juu kama wamejenga kwa ajili ya twiga. Tulipotokea jukwaani mzee hakuangalia mabehewa. Aliinama kuangalia chini, kwenye reli. Akagusa taruma la zege, lile gogo linalobeba reli, kwa ncha ya fimbo yake, mara mbili, kama mtu anayebisha hodi.

Chumbani tulimkuta kijana mmoja, hafiki miaka 25, anauza vipuri vya simu Tunduma. Kitanda cha nne kilibaki kitupu. "Shikamoo mzee." "Marahaba." Nikajua ndiyo basi, kimeharibika. Mzee akachukua kitanda cha chini, mimi nikapanda juu yake.

Jua lilipoanza kulegea tukaingia porini, upande wa ile mbuga iliyokuwa Selous na sasa sehemu yake ni Hifadhi ya Taifa ya Nyerere. Twiga watatu walisimama karibu na njia wakituangalia wanavyotafuna. Nikaona huu ndio wakati, moyo umelainika. Nikatoa swali namba moja. "Baba, hivi kwa nini uliacha kazi ya reli?" Akasema, "Mambo ya nyumbani." Akaendelea kuwaangalia twiga. Nikarudisha simu mfukoni, na sikuitoa tena kwa maswali mpaka tunarudi.

Ifakara tulifika usiku. Kinamama na taa zao wakapanga mstari chini ya madirisha, mchele kwenye madebe, kitoga wa kukaanga amefungwa kwenye gazeti, bado wa moto. Kijana alinunua samaki wawili akamkaribisha mzee kwanza, kwa mikono miwili. Hapo nadhani ndipo mlango ulipofunguka. Mimi nilikuwa juu nimeshajifunika, wao wanachambua miba. Kijana akauliza tu, mdomo umejaa, "Mzee, hivi hii reli kweli mliijenga kwa mikono?"

Salum, yule mtu akaongea! Sijawahi kuisikia sauti ile. Ilikuwa ya mtu mwenye miaka kama ya yule kijana. Akamwambia walichukuliwa kupitia JKT, wakaanza kazi huku Wachina wakiwa nao bega kwa bega, mkubwa wao anabeba kokoto sawa na wao. Kilomita 1,860 mpaka Kapiri Mposhi, madaraja zaidi ya 300, mahandaki 22. Akaeleza kwa nini behewa la Reli ya Kati haliwezi kupita humu: ile upana wake ni mita moja kamili, hii imezidi kwa milimita 67, ili iungane na reli za huko kusini. Alisema "sitini na saba" taratibu, kwa raha, utafikiri anataja umri wa mchumba. Nimekaa na mtu huyu miaka 44, sijui kama nimewahi kumsikia akitaja milimita.

Kisha akafika kwenye mataruma. Taruma la zege halinyanyuliwi na mtu mmoja, wala reli yenyewe, na msimamizi wao Mchina Kiswahili chake kilikuwa cha kuombea maji tu. Kwa hiyo alikuwa anahesabu kwa lugha yake, wote wanaitikia, na kwenye tatu mnanyanyua pamoja. "Ii! Aa! Sani!" mzee akasema, na nikasikia kiganja chake kikipiga goti.

Unakumbuka, bwana? Kila aliponibeba kunipandisha kwenye keria ya baiskeli alihesabu hivyo. Ii, aa, sani, hewani. Mimi nikajua ni Kibena! Mama yangu Mzaramo, nani angenisahihisha? Darasa la tatu nilikufundisha hata wewe, pale uwanjani kwetu, tukawa tunahesabia magoli, tunajifanya Wabena. Kumbe siku zote tulikuwa tunahesabu Kichina. Niliuma shuka nisicheke.

Kijana hakumwachia. "Sasa ulipaachaje, mzee? Si ungeenda mpaka Zambia?" Swali langu lile lile, Salum, la namba moja. Tofauti ni kwamba yeye hakuwa anamdai chochote.

Akajibu. Ilikuwa 1973, kazi ya milimani imekwisha na kambi inajiandaa kusogea mpakani. Ikaja habari kwamba babu anaumwa. Simu hakuna, habari yenyewe ilibebwa na mtu kwa miguu. Akaomba ruhusa, akapanda mlima siku mbili kuelekea nyumbani, na alipofika kijijini akakuta udongo bado mbichi. Walikuwa wamezika jana yake. Babu alikuwa amemwekea kiti uani, akisema huyu wa relini atafika tu. Kile kiti alikikuta pale pale, hakuna aliyethubutu kukiondoa. Wadogo zake wanne wanamwangalia yeye. Hakurudi kambini. Agosti ile reli ikavuka mpaka kuingia Zambia, yeye yuko shambani anavuna mahindi, na habari akaisikia redioni kwa jirani.

"Nilijenga njia ya kufika kila mahali," akasema, "nyumbani nikachelewa."

Kijana akasema, "Pole sana, mzee." Kama watu wanavyosema. Mimi nilikuwa juu, pua imegusa dari, jina la huyo babu ndilo ninaloandika mwisho wa barua hii, na sikuweza kusema hata hiyo pole.

Baada ya Mlimba kijana alikoroma. Hapo treni inaanza kupanda, na ndiyo sehemu ngumu kuliko zote, madaraja na mahandaki vinafuatana. Kwa bahati mbaya ukitoka Dar unaipita gizani. Nilihuzunika kwa niaba yake: mtu kasafiri kuja kuona kazi yake, haoni kitu. Nikachungulia. Alikuwa ameketi, paji la uso kwenye kioo, na wala hakuwa anajaribu kuona. Alikuwa anasikiliza. Treni ikiingia handakini sauti inajaa ndani ya chumba, inakandamiza masikio, ikitoka inatawanyika. Ikipita darajani inakuwa nyepesi, tupu, kama chini yako kumeondolewa kitu. Mara moja sauti ikawa tupu kwa muda mrefu, akaweka kiganja chote kwenye kioo. Asubuhi nilimwuliza kondakta, akaniambia huenda lilikuwa Mpanga, nguzo zake zina mita zipatazo 50. Mzee sikumwuliza.

Makambako tulishuka na baridi ile inayong'ata masikio. Mimi mtu wa Tabata nilikuwa na shati. Mzee akavua koti lake, akasema, "Vaa." Nikamwambia nina miaka 44. Akasema, "Vaa." Nikavaa.

Ya kaburini sitayaandika. Tulifyeka majani, tukakaa kidogo, kwa ndugu tulipewa ulanzi, mzee akaonja na mimi nikamalizia.

Sasa nirudi kwenye lako. Nimesikia unataka kukodi gari la peke yenu kutoka Jeddah. Ningekuwa wewe nisingekodi. Pandeni ile treni ya Haramain, kaeni na watu. Hotelini usiombe mletewe chakula chumbani, mshushe chini akale na wazee wa Tanga na Pemba, mwache mezani, wewe jifanye unatafuta chumvi. Wazee wetu hawa ukiwakabili uso kwa uso wanadhani unataka hesabu. Mbele ya mgeni wanasimulia, na wanajua vizuri mno kwamba uko karibu. Nakwambia wanajua, na nitakuambia nilivyogundua.

Siku ya kurudi tulipewa kiroba cha viazi, kizito kisawasawa. Dereva wa bodaboda alikuwa amekwenda kutafuta kamba nyingine, mzee hana subira, akashika upande mmoja. Nikamwambia aache. Hakuacha. Nikashika wa pili.

"Ii," akasema, kwa mazoea tu, hata hakuwa ananiangalia. "Aa."

Mdomo wangu ukanitangulia. "Sani."

Kiroba kikapanda kwenye keria. Mzee akabaki ameshika pembe yake, kofia imemwinamia jicho moja, akanitazama muda.

"Kumbe hukulala."

"Sikulala, Baba."

Akavuta kamba ya upande wake, akaijaribu kwa kidole. "Kaza vizuri huko kwako," akasema. "Barabara hii ina mashimo."

Msalimie sana mzee wako, mwambie asiondoke bila koti, ndani ya treni zile wanawasha kiyoyozi mpaka basi. Tende usisahau.

Ndugu yako,
Tito