Barua kwa Mwanangu Aliyeko Bogotá: Anzia Nemocón

Mwanangu mpendwa Zuhura,

Shikamoo yako imenifikia, marahaba. Sisi hapa Kigoma hatujambo, na mama yako anakusalimu, tena anasisitiza kwamba usitoke bila sweta hata jua likiwaka. Umeandika kuwa wenzako wa chuoni wamepanga kukupeleka kuliona ziwa la Guatavita, lile la hadithi ya mtawala aliyepakwa vumbi la dhahabu. Nenda, sikukatazi. Lakini kwa kuwa umemwuliza mtu aliyefundisha jiografia miaka yote ni wapi kwingine pa kwenda, nakuomba kabla ya ziwa uende kwanza Nemocón, mji mdogo wa chumvi ulioko kiasi cha kilomita 65 kaskazini mwa Bogotá, kwa sababu anayeanza na dhahabu huwaelewa Wamuisca, wenyeji wa nyanda hizo za Kolombia tangu kabla ya Wahispania, kinyumenyume.

Mkitoka Bogotá mtapita kwenye uwanda wa malisho ya ng'ombe na mabanda makubwa ya kukuzia maua ya kuuzwa nje, wote ukiwa kwenye mwinuko wa karibu mita 2,600 juu ya usawa wa bahari. Utambarare ule una sababu yake: hapo palikuwa na ziwa kubwa, na unachokanyaga ni tope lililotuama chini yake kwa muda mrefu mno kabla maji hayajaondoka. Wamuisca walisimulia kwamba Bochica, mzee mwenye ndevu aliyewafundisha kufuma na kuishi kwa sheria, aliukuta uwanda umefurika, akaupiga mwamba kwa fimbo yake, na maji yakapata njia yakaporomoka pale Tequendama, kusini-magharibi mwa jiji. Ukiyaweka maelezo ya wanajiolojia kando ya simulizi hiyo, utaona kwamba ugomvi wao ni juu ya fimbo tu.

Nemocón umekaa pale uwanda unapokwisha na vilima kuanza. Chini yake kuna chumvi iliyoachwa na bahari zaidi ya miaka milioni 100 iliyopita, kabla milima ya Andes haijainuka. Chumvi ni laini na nyepesi kuliko miamba inayoilalia, hivyo ilipokandamizwa ilijipenyeza kwenda juu polepole na kutuna chini ya ardhi kama kuba. Mvua inapopenya hadi hapo huiyeyusha, na maji yake hutokeza kama chemchemi za chumvi. Chemchemi za namna hiyo zilikuwa katika sehemu tatu zilizo jirani, yaani Zipaquirá, Nemocón na Tausa, na hizo ndizo zilizokuwa hazina ya Wamuisca.

Ukifika kwenye makumbusho ya mgodi, waulize habari za vyungu. Maji ya chemchemi yalimiminwa katika vyungu vikubwa vya udongo vilivyopangwa juu ya moto wa kuni. Maji yalipopungua kwa kuchemka waliongeza mengine, kisha mengine tena, hadi chungu chote kikajaa chumvi iliyogandamana ikawa ngumu kama jiwe. Haikuwezekana kuitoa bila kukivunja chungu, basi wakakivunja, na donge likatoka na umbo la chombo kilichoizaa. Kila donge liligharimu chungu kizima! Ndiyo maana wanaakiolojia wanaochimba maeneo hayo hukutana na marundo ya vigae, na ndiyo maana vijiji jirani vyenye udongo mzuri, kama Gachancipá, vilipata riziki kwa kuwafinyangia wachemsha chumvi. Wewe mtoto wa Kigoma hili lisikushangaze sana, kwa kuwa chumvi ya Uvinza nayo ilichemshwa vyunguni karne nyingi kabla ya Wajerumani kufika.

Madonge hayo yalibebwa mgongoni hadi masokoni, na mengine yaliteremshwa hadi bonde la mto Magdalena. Sasa zingatia jambo hili, maana ndilo linalonifanya nikuandikie kwa urefu: nchi ya Wamuisca yenyewe ilikuwa na dhahabu kidogo sana. Sehemu kubwa ya dhahabu waliyofua vinyago vyao na kutolea sadaka ilitoka kwa majirani wa mabondeni, nao waliipata kwa kubadilishana na chumvi, nguo za pamba na zumaridi. Ule mfano mashuhuri wa chelezo cha dhahabu uliogunduliwa na wakulima katika pango huko Pasca mwaka 1969, ambao utauona katika Museo del Oro, yaani Makumbusho ya Dhahabu hapo Bogotá, una urefu usiofika sentimita 20. Ukisimama mbele ya kioo, fikiria ni madonge mangapi ya chumvi yaliyopita milimani ili kitu kidogo kama hicho kipatikane.

Hata Wahispania waliongozwa na chumvi. Kiongozi wa msafara wao, Gonzalo Jiménez de Quesada, aliondoka Santa Marta huko pwani mwaka 1536, akapanda na mto Magdalena huku watu wake wakifa kwa njaa na maradhi. Njiani walikuta chumvi iliyokuwa katika madonge, tofauti kabisa na ile ya chengachenga waliyoizoea pwani, wakatambua kwamba huko juu milimani kuna watu wengi, wenye kazi na biashara. Wakaifuata njia iliyoileta. Walioufikia uwanda mwaka 1537 hawakutimia 200 kati ya mamia walioanza safari, na Nemocón ilikuwa miongoni mwa miji ya kwanza waliyoipitia. Yaliyofuata unayafahamu: kodi, kazi ya kulazimishwa, maradhi mageni, na mwaka 1770 amri ya mfalme wa Hispania iliyopiga marufuku lugha za wenyeji. Lugha ya Wamuisca ilizimika katika karne hiyohiyo.

Lakini usije ukadhani historia ya Nemocón inaanza na Wamuisca. Katika eneo la Checua, ndani ya wilaya hiyohiyo, mwanaakiolojia Ana María Groot alichimba makazi na makaburi ya wawindaji walioishi hapo tangu kiasi cha miaka 8,500 iliyopita, waliokula kulungu na simbilisi. Mwaka 2025 ulichapishwa utafiti wa vinasaba vya mifupa ya watu wa Checua walioishi miaka 6,000 hivi iliyopita, na ikaonekana kwamba ukoo wao haukuacha kizazi kinachotambulika kati ya waliofuata. Watu waliokuwa kwenye uwanda huo miaka 2,000 iliyopita walikuwa wengine, wenye nasaba iliyo karibu na ya watu wa Amerika ya Kati wanaozungumza lugha za Kichibcha, jamii ya lugha ambayo ile ya Wamuisca ilikuwa mojawapo. Hao wa kwanza walikwenda wapi, mifupa haisemi.

Vitazame pia vilima vya Checua vyenyewe. Utaona makorongo na udongo mtupu, na utajiuliza kama kweli uko kwenye nyanda za juu za kijani. Kuni za kuchemshia chumvi zilikatwa kwa karne nyingi, hasa baada ya Wahispania kuongeza uzalishaji, kisha ikaja ngano, kisha mifugo kupita kiasi, na udongo ukaenda na mvua. Mimi ningewapeleka wanafunzi hapo kabla ya kuwashusha mgodini.

Mgodini mtashuka hadi mita 80 hivi chini ya ardhi. Kuna vidimbwi vya maji ya chumvi vilivyotulia kiasi kwamba huonekana kama mashimo yasiyo na mwisho, kumbe ni dari tu inayojiakisi. Usitumbukize mkono, uso wa maji utavurugika na wenzako watakununia.

Baada ya hapo nendeni ziwani. Liko katika wilaya ya Sesquilé, na hapo Sesquilé kuna jumuiya ya Wamuisca wa leo, kama ilivyo Cota, Chía, Suba na Bosa. Muombeni ruhusa mtu kabla ya kumpiga picha. Utaonyeshwa pengo kwenye ukingo wa ziwa lililokatwa na Antonio de Sepúlveda katika karne ya 16 ili kuyatoa maji aipate dhahabu. Maji yalishuka, kisha mtaro ukaporomoka na kuua vibarua wengi. Serikali ya Kolombia ililiweka ziwa chini ya ulinzi mwaka 1965. Kuhusu bonde lenyewe la mviringo, zamani ilidhaniwa ni kimondo kilichoanguka, lakini maelezo yanayokubalika zaidi sasa ni kwamba chumvi iliyokuwa chini iliyeyuka na ardhi ikadidimia.

Ukipata picha nzuri ya vile vyungu, au hata ya vigae vyake, nitumie. Na uniandikie kama yule atakayewaongoza mgodini aliwataja wafinyanzi au alipita moja kwa moja kwenye dhahabu.

Wasalaam,
Baba yako