Riwaya za Wahindi kuhusu ukoloni haziandikwi kuwafurahisha Wazungu

Mhariri, salaam.

Naomba nafasi kidogo nimjibu yule ndugu yetu wa safu ya vitabu, maana makala yake nimeisoma nikashindwa kuimeza. Anasema Wahindi wanaoandika riwaya za ukoloni kwa Kiingereza wanawaandikia Wazungu, eti wanauza machungu ya babu zao wapate tuzo London, na mtu akitaka kujua Mwingereza alifanya nini India basi asome historia aachane na hadithi. Kwa heshima zote ndugu yangu, hapana.

Nianze na hizo tuzo kwa kuwa ndizo alizozishikia bango. Amitav Ghosh, mzaliwa wa Calcutta, mwaka 2001 riwaya yake ya The Glass Palace ilishashinda ngazi ya kanda kwenye tuzo ya waandishi ya Jumuiya ya Madola, ilikuwa inaenda fainali, jamaa akaandika barua akaitoa. Mchapishaji ndiye aliyekuwa ameipeleka bila yeye kujua. Alilalamika kwamba tuzo inapokea vitabu vya Kiingereza tu wakati nchi hizo zina lugha kibao na waandishi wake, halafu hakutaka kitabu chake kikae chini ya jina la jumuiya iliyotokana na himaya, na kitabu chenyewe kinaanza na mizinga ya Waingereza inaingia Mandalay 1885 kumng'oa mfalme Thibaw wa Burma, wakampeleka uhamishoni Ratnagiri huko India akakaa mpaka akafia huko 1916. Sasa mtu wa hivyo unamwambiaje anatafuta kupigiwa makofi na Wazungu?

Ila tuzo ni jambo dogo. Mi nataka tuongelee Sea of Poppies ya huyohuyo Ghosh, ilitoka 2008, ni ya kwanza kati ya tatu. Inaanza 1838 kijijini karibu na Ghazipur, kando ya mto Ganga, kwa mama mmoja anaitwa Deeti. Huyu mama paa la nyumba yake limechakaa, anataka kuezeka upya, majani hakuna. Kwa nini hakuna? Kwa sababu zamani msimu wa baridi watu walikuwa wanalima ngano na dengu na mabua ya ngano ndiyo wanaezekea, mipopi, ile mimea inayotoa afyuni, ilikuwa kijisehemu tu, sasa hivi shamba lote ni mipopi, na la jirani, na la jirani yake, mawakala wa Waingereza wanapita nyumba kwa nyumba wanakuachia pesa ya awali utake usitake, ukishaipokea umefungwa, na ukipeleka mavuno bei wanapanga wao unarudi nyumbani na deni. Yaani mtu analima kutwa nzima, ghalani hamna kitu na juu kunavuja. Mimi nimesoma ukoloni wa India shuleni na nikasoma tena chuoni, hakuna aliyewahi kunieleza Kampuni ya East India, ile ya Waingereza iliyokuwa inaitawala India, kupitia paa la nyumba.

Halafu kuna kile kiwanda cha Ghazipur. Mume wa Deeti anafanya kazi humo na yeye mwenyewe afyuni imeshammaliza. Siku Deeti anamfuata anapita ndani anakuta wanaume wamezama mpaka kiunoni kwenye matangi wanaikanyaga afyuni, macho yako wazi lakini hayaoni kitu, na nje nyani wanaokunywa maji ya mfereji wa kiwanda wamelegea, hawana hata nguvu ya kuiba. Kiwanda hicho si cha kubuni jamani, kilikuwepo kweli, na baada ya uhuru serikali ya India iliendelea nacho kwa ajili ya dawa za hospitali.

Historia itakwambia Lin Zexu, ofisa wa mfalme wa China, aliteketeza masanduku zaidi ya 20,000 ya afyuni ambayo Waingereza walikuwa wanaitoa India kuiuza China, mwaka 1839, Mwingereza akaleta manowari, 1842 mkataba ukasainiwa na Hong Kong ikaenda kwa Mwingereza. Sawa kabisa, na lazima tuyajue hayo. Ila masanduku yale nani aliyalima? Kwa vitabu nilivyosomeshwa mimi utadhani yalianguka kutoka mbinguni yakatua Canton, bandari ya China. Riwaya ndiyo inakaa na huyo mkulima mpaka ukamjua kwa jina, na humo humo unamwona na tajiri mwenyewe, Burnham, mcha Mungu kweli kweli, anayeamini biashara huria ni agizo la Mungu, kwa hiyo Mchina akikataa kununua afyuni huyo ni wa kupigwa. Mtu huyo hajioni mbaya hata kidogo. Anaweka hesabu zake, anasali, analala usingizi.

Na meli yake Ibis! Zamani ilikuwa ya kubeba watumwa. Utumwa ukapigwa marufuku kwenye makoloni ya Uingereza tangu 1834, mashamba ya miwa Mauritius yakawa yanataka watu, basi meli ileile inasafishwa inabebeshwa Wahindi wa mkataba, yaani vibarua waliofungwa kufanya kazi miaka kadhaa. Takriban watu nusu milioni walipita bandari ya Port Louis kwa mtindo huo mpaka miaka ya mwanzo ya karne ya 20, na pale waliposhukia, Aapravasi Ghat, UNESCO wamepaweka kwenye orodha ya urithi wa dunia tangu 2006. Deeti anaishia kwenye hiyo meli, jinsi anavyofika sisemi, someni wenyewe.

Sikatai kwamba riwaya hizi zina kasoro. Ya pili, River of Smoke ya 2011, kuna kijana mchoraji yuko Canton anaandika barua kuhusu maua na picha, zinaenda weee mpaka unasahau vita inakuja. Na Waingereza wa Ghosh wengine ni vikaragosi tupu, wanaongea kama wamelewa kutwa. Mwandishi wa safu angenibana hapo ningenyoosha mikono, lakini hakugusa, na nashuku hakufika mbali kwenye kusoma.

Kuhusu Kiingereza, ubishi huo ni wa zamani sana huko kwao. Raja Rao mwaka 1938 aliandika Kanthapura, kijiji kinaingia kwenye harakati za Gandhi na anayesimulia ni bibi kizee, sentensi hazina breki kama bibi yeyote akianza stori barazani, na kwenye dibaji akasema wazi kwamba hawawezi kuandika kama Waingereza na hawatakiwi. Wahindi wenyewe walichelewa kukubali, tuzo yao kubwa ya Jnanpith haikuwahi kwenda kwa mwandishi wa Kiingereza mpaka hiyo ya 2018 aliyopewa Ghosh. Kwa hiyo swali ni halali, ila jibu la kwamba wote wanawaandikia Wazungu ni la kivivu.

Na sisi huku tusijifanye hayatuhusu. Mfumo uleule wa mikataba ndio ulioleta Wahindi zaidi ya 30,000 kujenga reli kutoka Mombasa kati ya 1896 na 1901, karibu 2,500 wakafa, na tunachokumbuka ni simba wa Tsavo waliowala baadhi ya wajenzi. M.G. Vassanji, aliyezaliwa Nairobi akakulia Dar, ana riwaya ya 2003 ambayo babu wa msimulizi alikuja kwa reli hiyo, na hiyo nayo ni kwa Kiingereza, sijui wangapi huku mtaani wameiona. Hata mabaharia wa Ibis, ukiwahesabu, kuna Wachina, Waarabu, Wabengali, Wagoa, na watu wa pwani hii ya Afrika Mashariki wamo.

Ndo maana badala ya kuwafukuza wasomaji, ningependa hiyo safu iwakabe wachapishaji. Shakespeare tumempata kwa Kiswahili tangu enzi za Mwalimu, Achebe tukampata, juzi tu Peponi ya Gurnah imetoka imetafsiriwa na Ida Hadjivayanis na inasomeka vizuri kabisa. Wahindi lini? Tena akipatikana wa kuitoa Sea of Poppies, kazi wasimpe mtu wa ofisini, watafute mtu wa Lamu au Unguja aliyekaa na manahodha, maana nusu ya kitabu ni kamba, matanga na matusi ya melini, na hayo huwezi kuyapata kwenye kamusi.

Msomaji wenu,
Tanga