Mwenye deki ya video inayofanya kazi ajitokeze, mikanda inaoza

Ndugu Mhariri,

Poleni na kazi. Mi ni msomaji wenu wa hapa Igogo, Mwanza, naomba nafasi niongelee mama mmoja aliyefariki Los Angeles mwaka 1932 afu nifike kwenye boksi la mikanda ya video lililoko juu ya kabati langu, naomba mnivumilie.

Huyo mama anaitwa Evelyn Preer, mwigizaji wa filamu bubu, zile watu midomo inacheza tu afu yanatokea maandishi. Alizaliwa 1896 Vicksburg, Mississippi, mama yake akahamia naye Chicago, na huko ndo akaja kufanya kazi na Oscar Micheaux, mtu mweusi aliyekuwa anaandika vitabu na kuviuza mwenyewe mlango kwa mlango, afu akaamua kutengeneza sinema. 1919 wakatoa The Homesteader, 1920 wakatoa Within Our Gates. Humo Evelyn ni mwalimu, Sylvia, anahangaika kutafuta hela ili shule ya watoto weusi isifungwe, na sisi tunaojua michango ya madawati hatuhitaji kutafsiriwa hiyo! Nimeiangalia kwenye simu mara tatu, hausikii neno lake hata moja ila uso wake unakueleza kila kitu. Kuna sehemu wazungu wananyonga watu, Chicago walitaka izuiwe kwa sababu miezi michache kabla mji ulikuwa umetoka kwenye vurugu za rangi. Evelyn akawa na jina kubwa kwa watu weusi, jukwaani yumo, kuimba kwenye santuri yumo. April 1932 akajifungua binti, Novemba nimonia ikamchukua, miaka 36 tu jamani.

Sasa The Homesteader leo haipo. Ile mikanda ya zamani ilikuwa inaoza yenyewe na kushika moto kirahisi, filamu zake nyingi zimeondoka hivyo hivyo. Within Our Gates nayo walishaihesabu imepotea, mpaka miaka ya 1970 kopi moja ikaonekana Hispania, wameibatiza La Negra na maandishi yote ya Kihispania, na mwaka 1993 maktaba ya bunge la Marekani ikamaliza kuitengeneza na kuyarudisha maandishi kwa Kiingereza. Yaani tunamjua Sylvia leo kwa sababu kuna mtu hakutupa boksi.

Mjomba wangu alikuwa na kibanda cha video, mabenchi ya mbao za mitumbwi iliyochakaa, yeye amekaa na maiki pembeni ya tivii anatafsiri sinema ya Kihindi, mama wauza dagaa wanalia kabisa. (Japani enzi za filamu bubu walikuwa na mtu wa hivyo hivyo, wakimwita benshi, nilivyosoma nikamkumbuka mjomba.) Mchana alikuwa anabeba kamera kwenda kurekodi harusi na ngoma za bugobogobo za Wasukuma, wale wazee wanaocheza na majembe, wengi sasa ni marehemu. Alipofariki, bwana mmoja akanunua kibanda na mikanda akaitupa nje, mvua ikanyesha siku mbili ndo napata taarifa. Niliokoa 31. Hali ya hewa ya ziwani mnaijua, nikifungua kifuniko naona ukungu mweupe umetanda kwenye utepe kama unga wa muhogo, na kila masika unaongezeka.

Mhariri, naomba mliandike hili kwa herufi kubwa: watu wasitupe mikanda ya wazee wao, na mwenye deki ya VHS inayofanya kazi, iwe Mwanza, Bukoba au Musoma, awaachie namba hapo ofisini kwenu nitaifuata mwenyewe, nauli ninayo. Kuna mmoja mjomba ameandika kwa kalamu nyekundu "bugobogobo Kisesa", huo ndo nataka uanze.

Msomaji wenu,
Igogo, Mwanza