Mtu wa Chumvi

Swahiba wangu,

Salamu zimefika, na malalamiko yako nimeyasoma mara mbili. Pole sana. Kupandishwa jukwaani bendi ndiyo kwanza imeshuka, watu wanafuta jasho, nusu wamekupa mgongo na wengine wanatafuta viatu vyao chini ya meza, hiyo si kazi, ni adhabu. Aliyepanga ratiba ile alikuwa na lake. Ila ulipoandika kwamba unafikiria kuzifungia karata sandukuni na kuachana na mazingaombwe kabisa, nikasema hapana, huyu lazima nimwandikie leo leo. Kuna mtu nataka umjue.

Anaitwa Fred Kaps. Mholanzi, mzaliwa wa Utrecht, 1926. Kwao walimwita Abraham Bongers. Kaps ni jina la jukwaani, na kabla ya hapo alishajiita Mystica. Watu wa fani yenu wana mashindano yao ya dunia, FISM. Bwana huyu alibeba tuzo kuu mwaka 1950 kule Barcelona, akarudi akaibeba 1955 Amsterdam, na 1961 Liège akaibeba tena. Mara tatu! Hakuna mwingine aliyefika hapo. Na bado, mtaje mbele ya watu mia moja, uone kama kuna atakayeinua mkono.

Sasa sikiliza alivyopangwa yeye. Jumapili, tarehe 9 Februari 1964, New York, kipindi cha Ed Sullivan kwenye televisheni ya CBS. Kilikuwa kipindi cha mchanganyiko: waimbaji, wachekeshaji, wanasarakasi, kila mmoja na dakika zake chache, mradi saa ipite. Usiku huo ndio Beatles walipoimba humo kwa mara ya kwanza. Ukumbi ulikuwa na viti 728, maombi ya tiketi yalifika 50,000. Majumbani, watazamaji walikadiriwa kuwa milioni 73. Vijana wakaimba nyimbo tatu, wasichana wakapiga mayowe utadhani nyumba inaungua, likapita tangazo, kisha aliyefuata ni nani? Mholanzi wetu, na karata zake mkononi.

Wewe ulipewa bendi ya harusi, swahiba. Mwenzako alipewa Beatles.

Nimeitazama video ile mara nyingi kuliko ninavyothubutu kukiri mbele ya mama watoto. Karata zinapita vizuri, sina neno, lakini utamu wenyewe uko kwenye chumvi. Anashika kichupa cha chumvi, kile cha kawaida cha mezani, anamimina kidogo ndani ya ngumi. Anafungua vidole: hamna kitu. Hapo hata wewe unapaweza. Halafu chumvi inaanza kutoka mkononi mwake. Uzi mwembamba mweupe, unashuka. Unaendelea kushuka. Unangoja ukatike, haukatiki, na unaanza kujiuliza mkono mmoja utaficha chumvi kiasi gani jamani. Mtazame usoni wakati huo. Hana lile tabasamu la mtu aliyekuzidi ujanja (unalo wewe, usikatae). Amekaa kama mtu aliyefungua bomba la maji, sasa halifungiki, na mwenye nyumba yuko njiani anakuja. Hapigi kelele wala harukiruki. Anangoja na yeye, pamoja nasi, chumvi iishe.

Nikakukumbuka. Juzi ulishindana na bendi: ulipandisha sauti, ukaongeza njiwa, ukaleta moshi. Mtu aliyetoka kusikia ngoma saa nzima humpigii ngoma nyingine. Na usiniambie huna vitu vipya, maana kuna mahali umeandika hivyo pia. Hiyo chumvi hakuibuni Kaps. Wajuzi wa fani yenu wanamtaja Mmarekani mmoja, Roy Benson, kuwa ndiye mwenye asili yake. Kaps aliichukua akaikalia mpaka ikawa kama imezaliwa mkononi mwake.

Kwa haki, si wote waliovuka salama usiku ule. Kulikuwa na wachekeshaji wawili, mke na mume, McCall na Brill. Baada ya mazoezi ya mchana Sullivan akawaambia mchezo wao ni mzito mno kwa watoto watakaojaa ukumbini, wabadilishe. Wabadilishe, saa zimebaki chache! Wakaunga vipande vya huku na huku, vikafa hadharani, na wenyewe wamelisimulia hilo miaka mingi baadaye. Lakini hawakufunga duka. Brill, kwa mfano, mwaka 1967 alikuwa jasusi ndani ya Star Trek, na wapenzi wa tamthilia hiyo wanamjua mpaka leo.

Kaps naye aliendelea na safari zake mpaka alipofariki mwaka 1980, akiwa na miaka 54 tu. Anakumbukwa na nyinyi mnaokesha mkigeuza karata mbele ya kioo. Waulize wakongwe wa chama chenu habari za kizibo cha chupa kinachoelea hewani, uone nyuso zao zitakavyobadilika.

Basi mimi nimejaribu chumvi hiyo jikoni. Ngumi yangu ilihifadhi kijiko kimoja, iliyobaki ikaenda kwenye mkono wa shati, kisha sakafuni, kisha chini ya friji, na siku mbili tulitembea tukisikia kru kru kru. Njoo Jumamosi unionyeshe inavyoshikwa. Karata zako uje nazo, na kichupa cha chumvi pia, kwa sababu cha hapa nimepigwa marufuku kukigusa.

Wako wa siku zote,
mshika kofia wako wa zamani