Mgonjwa wa TB akianza dawa, watoto wa nyumbani kwake waitwe

Ndugu Mhariri,

Kila mwaka tarehe 24 Machi, Siku ya Kifua Kikuu Duniani, tunahimizwa kwamba ukikohoa wiki mbili nenda ukapime. Ujumbe huo ni sahihi, na umewafikisha hospitali watu wazima wengi wakiwa bado na nguvu zao. Lakini kuna jambo linalobaki nje yake, nalo linaua watoto. Mtoto mdogo anayelala chumba kimoja na mgonjwa wa TB ya mapafu hatakiwi kusubiriwa mpaka akohoe. Anatakiwa aitwe kituoni akiwa bado anacheza, achunguzwe, na asipokutwa na ugonjwa apewe dawa ya kumkinga. Hivyo ndivyo inavyoelekeza miongozo ya Shirika la Afya Duniani (WHO), na mwongozo wetu wa taifa hapa Tanzania unafuata njia hiyohiyo. Vituoni, hata hivyo, jambo hili nimeliona likifanyika kwa uhakika pale tu palipo na mtumishi aliyelivalia njuga.

Nimefanya kazi ya uuguzi, sehemu kubwa kwenye kliniki ya kifua kikuu, kwa hiyo naandika ninayoyajua.

Mtu mzima mwenye afya njema akivuta vimelea vya TB, mara nyingi mwili wake huvizuia, navyo hukaa kimya miaka mingi, pengine hadi anazeeka. Mtoto mchanga hana uwezo huo. Katika watoto wanaoambukizwa kabla ya kutimiza mwaka mmoja, wasipopewa kinga, takriban nusu huugua, na kwa kawaida hawachukui muda mrefu kuugua. Wengine TB yao haikai kwenye mapafu. Hupanda kwenye utando wa ubongo au husambaa mwili mzima kwa njia ya damu. Chanjo ya BCG wanayopewa wakizaliwa hupunguza sana hatari ya aina hizo kali, na kila mtoto aipate, lakini haitoshi kumlinda mtoto anayevuta hewa ya mgonjwa usiku kucha. Akina mama wengi walikuwa wakiniambia, "Huyu ameshachanjwa, sista." Nilikuwa nawajibu kwamba ni vizuri, na bado mtoto aje.

Mwaka 2017 watafiti walichapisha makadirio ya vifo vya watoto kwa TB duniani kwa mwaka 2015. Walikadiria watoto 239,000 wa chini ya miaka 15, wanne kati ya kila watano wakiwa hawajafikisha miaka mitano. Zaidi ya asilimia 95 ya waliokufa hawakuwa wameanzishiwa dawa kabisa. Dawa za TB zinaponya, na hapa kwetu zinatolewa bure. Watoto hao wamekufa kwa sababu hakuna aliyejua wanaumwa nini. Na wengi wao wangeweza kupatikana bila kazi kubwa, kwa kuwa baba, bibi au dada wa kazi alikuwa tayari ameandikwa kwenye daftari la kituo fulani.

Kinachotakiwa kufanyika siku mgonjwa anapoandikishwa ni kumuuliza anaishi na nani, analala na nani, na nani hushinda naye mchana. Kisha watoto wale waletwe. Mtoto apimwe uzito na ulinganishwe na kadi yake ya kliniki. Mama aulizwe kama mtoto ana homa isiyoisha, kikohozi, kama amepoa na hachezi kama zamani. Apapaswe shingo kuangalia tezi. Asipokuwa na dalili yoyote, aanzishiwe tiba kinga. Kwa mtoto wa chini ya miaka mitano anayeishi na mgonjwa, kipimo cha ngozi si sharti la kuanza, na kukosekana kwa eksirei kusiwe kisingizio. Dawa zenyewe ni isoniazidi ya kila siku kwa miezi sita, au mchanganyiko wa isoniazidi na rifampisini kwa miezi mitatu, na kipo pia chaguo la kumeza mara moja kwa wiki kwa wiki 12. Anayetumia ARV apangiwe kwa uangalifu, maana baadhi ya dawa hizi hugongana nazo.

Mbona basi hayafanyiki? Mzazi hukataa kumpa dawa mtoto mzima. Namwelewa, hakuna mzazi anayependa kumnywesha vidonge mtoto anayekimbia uani. Mpangaji naye anaogopa mhudumu wa afya akionekana mlangoni, majirani wataanza kuuliza na mwenye nyumba atatafuta sababu ya kumtoa. Anayeishi mbali na kituo anapiga hesabu ya nauli ya bodaboda kwa watoto watatu na kuamua kuja peke yake. Lakini na sisi watumishi tuna sehemu yetu. Nimesikia wenzangu wakisema tiba kinga inazalisha TB sugu. Ushahidi uliokusanywa kwa miaka mingi hauungi mkono hofu hiyo, mradi mtoto amechunguzwa vizuri na kuthibitika hana ugonjwa kabla ya kuanza.

Mwaka 2018 nchi za dunia zilikutana Umoja wa Mataifa na kuahidi kwamba hadi 2022 watu milioni 30 wangekuwa wamepewa tiba kinga. Lengo la wanaoishi na VVU lilikuwa milioni 6, na waliofikiwa walikuwa zaidi ya milioni 11. Lengo la watoto wa chini ya miaka mitano wanaoishi na wagonjwa lilikuwa milioni 4, waliofikiwa ni milioni 2.2. Kwa watu wengine wa nyumba hizohizo, wa miaka mitano na kuendelea, ilikuwa hali mbaya kabisa, milioni 2 katika milioni 20. Tafsiri yangu ni hii. Anayeishi na VVU ana kliniki yake, anakuja kwa tarehe, kuna mtu anayemjua kwa jina. Mtoto wa mgonjwa wa TB hana kliniki. Asipofuatwa au kuitwa, hakuna siku atakayokuja mwenyewe.

Namkumbuka mtoto wa kike, hajatimiza miaka miwili, aliyeletwa shingo imekakamaa na hata ukimwita haamki vizuri. Katika mazungumzo ikajulikana kuwa baba yake mdogo, anayeishi nao, yuko mwezi wa tatu wa dawa za TB katika kituo kingine. Kadi yake ilikuwa imejazwa vizuri, uzito, namba, tarehe za kurudi. Wamemuuliza kila kitu isipokuwa watoto waliomo ndani. Binti yule alipona, lakini macho hayakurudi. Kidonge ambacho kingemkinga kilikuwa kwenye kabati la kituo kilekile alikochukulia dawa baba mdogo.

Kwa mtoto ambaye tayari anaumwa, kuna mabadiliko ambayo wazazi wengi na baadhi ya watumishi hawajayapata. Mtoto mdogo hawezi kutoa makohozi, huyameza. Tena vimelea vyake huwa vichache, hivyo kipimo hukosa kuviona hata vikiwepo. Zamani tulilazimika kumpitishia mpira puani hadi tumboni asubuhi kabla hajala, kazi ambayo mama hawezi kuitazama bila kulia. Miongozo ya WHO ya mwaka 2022 inakubali choo cha mtoto kipimwe kwenye GeneXpert, mashine inayotafuta vinasaba vya vimelea vya TB. Na inasema wazi kwamba majibu yakitoka hayana TB, hayo hayafungi mjadala. Mtabibu aangalie dalili, uzito, historia ya kuishi na mgonjwa, na picha ya kifua ikiwepo, kisha aamue, na anaruhusiwa kuanzisha tiba bila maabara kuthibitisha. Narudia hili kwa sababu nimeona watoto wakirudishwa nyumbani na karatasi ya "hana TB" huku kila alama nyingine ikisema anayo.

Tiba nayo imepungua urefu. Utafiti uliofanyika Uganda, Zambia, Afrika Kusini na India, ukihusisha watoto zaidi ya 1,200, ulionesha kwamba kwa TB isiyo kali miezi minne inatosha sawa na sita, na WHO imeupokea kwa watoto wa miezi mitatu hadi miaka 16. Na vidonge sasa vinayeyuka kwenye maji kidogo na vina ladha ya matunda. Kenya ilikuwa nchi ya kwanza kuvisambaza nchi nzima, mwaka 2016. Kabla ya hapo tulikuwa tunavunja vidonge vya watu wazima kwa kukadiria. Linganisha na TB ya utando wa ubongo, ambayo kwa kawaida hutibiwa mwaka mzima na bado huacha ulemavu.

Wasomaji vijana huenda hawajui kwamba Tanzania iliifundisha dunia kazi hii. Mpango wetu wa taifa wa kifua kikuu na ukoma ulianza mwaka 1977, na Dk. Karel Styblo, mtaalamu wa TB kutoka Ulaya, akishirikiana na madaktari na wauguzi wa hapa walijenga utaratibu wa kumsimamia mgonjwa anapomeza dawa na kumhesabu. Kila robo mwaka wilaya ilitakiwa kueleza kila aliyeandikishwa ameishia wapi, amepona, amefariki, amehama au ametoroka. Mkakati ambao WHO iliusambaza duniani miaka ya 1990 ulitokana kwa sehemu kubwa na madaftari hayo. Mratibu wa wilaya alijua ataulizwa, kwa hiyo alimtafuta mgonjwa hata shambani.

Naomba watoto nao wahesabiwe kwa ukali uleule. Wizara na halmashauri zidai kila robo mwaka, kwa kila kituo, idadi ya watoto wa chini ya miaka mitano waliotajwa na wagonjwa wapya, wangapi walifika, wangapi walianza tiba kinga, na wangapi waliimaliza. Takwimu hizo zisomwe kwenye vikao vya madiwani pamoja na zile za barabara na madarasa. Mhudumu wa afya ngazi ya jamii apewe nauli ya kuwafuata wasiofika, na aende bila sare wala gari lenye maandishi, kwa heshima ya yule mpangaji.

Na kwa mzazi anayesoma hapa akiwa na mgonjwa ndani, usingoje kuitwa. Nenda na watoto siku ya kufuata dawa, na useme, "Hawa nao wanaishi na mgonjwa." Mtoto aliye kwenye tiba kinga akitapika mfululizo, akikataa kula au macho yakiwa ya njano, simamisha dawa na umrudishe kituoni siku hiyohiyo. Mama unayenyonyesha na una TB, endelea kunyonyesha. Vaa barakoa, fungua madirisha, meza dawa zako, na mtoto umpeleke akaanzishiwe zake.

Muuguzi mstaafu,
Morogoro