Barua ya wazi kwa vijana wachora komiki wa Moshi na Arusha: acheni kuuza wahusika wenu

Wanangu wachora komiki wa Moshi na Arusha, hamjambo. Naandika nikiwa na hasira na sitaificha.

Kuna mwenzenu mmoja wa Pasua, hapa Moshi, jina lake namwachia mwenyewe, alichora komiki ya mpagazi wa mlimani, kijana mwembamba, kofia ya sufu imemshukia mpaka kwenye nyusi, kilo 20 kichwani na yai moja la kuchemsha mfukoni. Mnamjua wote maana mlikuwa mnatumiana kurasa zake WhatsApp. Sasa hivi yule mpagazi yuko kwenye tisheti za watalii, yuko nyuma ya Hiace, yuko kwenye bango kubwa barabarani anatangaza biashara ya watu, na aliyemchora haruhusiwi hata kumchora tena. Alilipwa laki tatu. Alisaini karatasi moja imeandikwa haki zote, matumizi yote, bila kikomo, na hakuisoma maana alikuwa anadaiwa kodi ya chumba.

Hiyo shida ya kodi naielewa kabisa. Wanaoniudhi ni nyie wenzake, mlijua, wengine mlikuwepo palepale, mkamwambia saini bwana jina litajulikana. Jina la nani? Nimelikagua lile bango pembe zote nne, kuna namba ya simu ya kampuni, kuna nembo, mchoraji hayupo.

Sikilizeni. Huku kwetu uchagani mtu haamki asubuhi akauza kihamba, lile shamba la migomba la ukoo. Mtu akitaka ndizi unamkatia mkungu, akitaka kuvuna msimu mzima mnaelewana bei na muda, msimu ukiisha anatoka, migomba inabaki yako. Mhusika wako mfanye hivyohivyo. Kampuni ikimtaka iambie tangazo moja, miezi sita, mkoa huu tu, bei hii, tisheti ni bei nyingine na mkataba mwingine, na jina langu litokee. Wakikwambia sisi huwa hatufanyi hivyo, jua wanafanya hivyo kila siku, wanalipia kiwanja cha bango kwa mkataba wa muda, wanalipia redio kwa muda, ni wewe tu wanataka kukununua moja kwa moja.

Na msidhani huu ni ushamba wa huku kwetu. Mwaka 1938 kule Marekani vijana wawili, Jerry Siegel mwandishi na Joe Shuster mchoraji, walimuuza Superman kwa dola 130. Kurasa 13, dola kumi kila ukurasa, na haki zote zikaenda na hiyo hela. Kampuni ikatajirika, wao wakahangaika mahakamani miaka na miaka, Shuster macho yakakaribia kumwishia, na ilipofika 1975, filamu inaandaliwa na wachoraji wenzao wamepiga kelele, ndipo wakapewa malipo ya uzeeni na majina yao yakarudishwa kwenye kazi yao. Wachoraji wenzao ndio waliopiga kelele, hapo pasomeni mara mbili. Halafu 1984 hukohuko wakatokea wengine wawili, Kevin Eastman na Peter Laird, wakachapa wenyewe kitabu cha kasa wanaopigana, wale Ninja Turtles, nakala 3,000 za nyeusi na nyeupe, hela za kuungaunga na mkopo wa mjomba. Wale kasa walibaki mikononi mwao, wakawa wanawakodisha kwa wenye midoli na wenye katuni za TV, na hapo ndipo utajiri wao ulipotoka.

Hapa nyumbani mtazameni Masoud Kipanya, mchora katuni. Yule mtu na mhusika wake wameshaungana mpaka jina, ukisema Kipanya hakuna anayeuliza yupi. Sasa fikiria angemuuza yule panya ujanani kwa kodi ya miezi mitatu, leo angekuwa anaitwa nani?

Sheria ipo, ya hakimiliki na hakishiriki ya mwaka 1999. Ukishachora tu haki ni yako, huhitaji mhuri wa mtu, na inadumu maisha yako yote na miaka 50 baada ya wewe kuondoka, maana yake hata wajukuu wana fungu lao kwenye hiyo kofia ya sufu. Kusajili COSOTA, ofisi ya hakimiliki, kunakupa ushahidi siku ya ugomvi, kwa hiyo sajilini. Na kurasa halisi mlizochora kwa mkono msigawe. Ule ukurasa wenye alama za penseli chini ya wino na wino mweupe ulipokosea mdomo ndio unaoonyesha nani alichora, mteja mpe skani.

Mengine nayataja haraka. Maneno yapangeni kwanza ndipo mchore puto la mazungumzo, sio puto kwanza halafu maneno yanabanana kama herufi za sisimizi. Kitabu cha kupiga pini katikati kurasa zake zinaenda kwa nne nne, nimefanya kazi kwenye mashine ya chapa muda mrefu na bado mnaniletea kurasa 18. Chapa kidogo, uza, ndipo uchape tena. Maliza hadithi ya kurasa nane kabla hujatangaza ya kurasa mia mbili. Daini advansi, nusu ya malipo. Faili za kazi zihifadhiwe sehemu mbili. Mgongo na macho vipumzisheni.

Na sisi wazazi tusijifanye hatuhusiki. Mtu wa Moshi anachanga laki mbili za harusi bila kukunja uso, kreti zinashuka, lakini kijana akiuza komiki yake elfu tatu anaambiwa nitumie PDF mwanangu nikuangalizie. Mtoto akichora nyuma ya daftari anachapwa, baada ya miaka kumi shule hiyohiyo inamwita aje achore ukutani ramani ya Afrika kwa soda na ahsante. Kule Arusha wenzetu wanajua mgeni atanunua picha ya twiga na machweo, kwa hiyo chalii mwenye hadithi kichwani anaishia kupaka twiga kila siku, mpaka ile hadithi inakufa. Halafu tunalalamika watoto wetu wanasoma vya nje tu. Sisi tulikua na magazeti yetu ya katuni, Sani, tukaja kuwa na Kingo, tulicheka na kujiona mle ndani, na nyie mna haki ya kuwaachia wanaokuja kitu kama hicho.

Mkiletewa karatasi ya kusaini, msisaini siku hiyohiyo. Semeni naomba nikaisome nyumbani. Anayekataa usisome, huyo muacheni aende. Kaeni wawili watatu, someni mstari kwa mstari, mkikwama nileteeni, mimi nipo jirani na soko la Mbuyuni na sitaki hata soda.

Na wewe wa Pasua, najua utaisoma hii. Nimeona zile kurasa mpya, yule dada muuza mitumba wa Kiboriloni anayebishana na mteja mpaka mvua inawakuta. Huyo ni mzuri kuliko mpagazi, nakwambia ukweli. Ukurasa wa sita ule mkono wa kushoto umeshika begi vibaya, dole gumba liko upande usio wake, urudie. Ukimaliza andika jina lako na mwaka chini ya kila ukurasa, kabla hujampa mtu yeyote aone.