Sikio la mpima sauti nalo huhama

Mhariri,

Safu yenu ya afya kuhusu sauti zilizokauka imeacha picha kwamba mtaalamu akishamsikiliza mgonjwa dakika mbili, kilichobaki ni kuandika tu. Sisi tunaofanya kazi ya tiba ya usemi tunaomba nafasi kidogo. Sikio ni chombo kizuri, na hakuna mashine iliyoliondoa kazini. Ila ni mizani inayohama yenyewe bila mwenyewe kujua.

Vipimo viwili ndivyo vinavyotumika sana. GRBAS, chenye asili ya Japani, kina mambo matano ya kusikiliza: ubovu wa sauti kwa jumla, mkwaruzo, pumzi inayovuja, unyonge na mkazo. Kila moja hupewa alama kuanzia 0, yaani hakuna tatizo, hadi 3, tatizo kubwa. Cha pili, CAPE-V, kilitokana na mkutano wa wataalamu huko Marekani mwaka 2002. Hicho hakina namba za kuchagua. Msikilizaji hutia alama kwenye mstari wa milimita 100, kisha umbali hupimwa kwa rula; alama ikiwa kubwa, sauti ni mbovu zaidi. Unyonge haumo, lakini kidatu (wembamba au uzito wa sauti) na ukubwa wa sauti vimeongezwa.

Wanafunzi hukwama kwenye mkwaruzo na pumzi, maana sauti iliyokauka mara nyingi ina vyote viwili. Pumzi hutokea nyuzi za sauti zisipofunga vizuri, hewa ikapenya. Isikilize kama mchirizo mmoja unaopita chini ya sauti bila kukatika. Mkwaruzo hutokana na mtetemo usio na mpangilio, nao husikika vipande vipande, kama mlango wenye bawaba kavu. Kuna mtego hapa: mtu aliyebaki na mnong'ono mtupu hana mtetemo wowote, kwa hiyo mkwaruzo wake ni 0. Asomaye faili bila maelezo atadhani kuna nafuu.

Tatizo kubwa ni kuhama kwa sikio. Baada ya kusikiliza sauti tatu mbovu kabisa, ya nne yenye ubovu wa kati huonekana nzuri. Sauti hiyo hiyo ikitanguliwa na sauti safi, hupata alama mbaya zaidi. Kwenye ncha za kipimo wasikilizaji hukubaliana. Katikati ndiko mtu mmoja husema 35 na mwenzake 60. Dawa inajulikana. Kwanza, kuwe na sauti za mfano zilizokwisha kukubaliwa alama zake, zisikilizwe kabla ya kazi na zirudiwe katikati yake. Pili, rekodi zichanganywe bila mpangilio, na karibu moja kati ya tano irudishwe kwa siri, ili msikilizaji apimwe dhidi yake mwenyewe. Tatu, kila mtu aandike alama peke yake kwanza. Wakijadiliana kabla ya kuandika, mnapata alama ya mkubwa wa chumba, wengine wamemfuata.

Majina ya mafaili nayo huharibu kazi. Faili likiitwa "baada_ya_upasuaji", sikio limeshaambiwa la kusikia. Tumieni namba tupu, na anayezijua asiwe miongoni mwa wasikilizaji.

Anachosoma mgonjwa kina uzito kuliko wengi wanavyodhani. Irabu ndefu, /a/ na /i/, sekunde 3 hadi 5 na kila moja mara tatu, hufichua tetemeko linalojificha kwenye maneno. Lakini irabu peke yake inaweza kutoka safi kwa mtu ambaye akizungumza hukatika kila mara. Sentensi za Kiingereza ambazo CAPE-V humpa mgonjwa asome hazifai kutafsiriwa, kwa sababu kila moja ilitungwa kwa ajili ya sauti zake, si maana yake. Tutunge zetu. "Bibi anamwamini ndugu yangu" haina hata konsonanti moja inayozima mtetemo. Mwenye nyuzi zinazobana kwa mishtuko atakwama humo. "Kaka kapita kaketi, paka katoka" ni kinyume chake: p, t na k tupu, na mwenye nyuzi zinazofunguka kwa mishtuko atavuja pumzi kila zinapopita. Tofauti kati ya sentensi hizo mbili ndiyo habari yenyewe. Mwenye mkazo wa misuli tu kwa kawaida hasumbuliwi na moja kuliko nyingine. Kisha mwacheni azungumze kwa uhuru angalau sekunde 20. Jambo la kuangalia katika Kiswahili ni kwamba maneno yetu karibu yote huishia kwa irabu, na watu wazima wengi wenye afya huiacha sauti ishuke na kukwaruza kwenye irabu ya mwisho wa sentensi. Hapo msihesabu mkwaruzo.

Rekodi ya simu imetusumbua kuliko kitu kingine. Simu nyingi husafisha kelele zenyewe, na kwa programu hiyo pumzi inayovuja ni kelele kama ya feni. Inaifuta, mgonjwa anasikika amepona. Zimeni usafishaji huo. Kama hauzimiki, tafuteni kinasa sauti kingine. Rekodini kwa WAV, aina ya faili isiyobana sauti, sampuli 44,100 kwa sekunde, biti 16. Maikrofoni ya kuvaa kichwani ikae sentimita 4 hadi 10 kutoka mdomoni, kwa pembeni ili isipigwe na pumzi. Mkishapandisha au kushusha kiwango cha rekodi, ukubwa wa sauti hauhukumiki tena. Msikate mwanzo wa irabu pia. Kishindo cha kuanza kwa nguvu kiko hapo hapo.

Msikilizaji mwenyewe apimwe usikivu. Sehemu kubwa ya kelele ya pumzi iko kwenye masafa ya juu, yaani sauti nyembamba, na masafa hayo ndiyo yanayotangulia kupotea umri ukisonga.

Tena, alama ya sikio haitaji ugonjwa. Kivimbe kisicho na madhara na saratani vinaweza kusikika sawasawa, kwa hiyo sauti iliyokauka kupita wiki 4 zoloto lake, yaani sehemu ya koo yenye nyuzi za sauti, lionekane kwa kamera, na mapema zaidi kwa mvutaji sigara au mwenye uvimbe shingoni. Hata mwenye 20 tu kwenye mstari.

Ombi letu la mwisho linahusu vichwa vya habari. Mgonjwa aliyetoka 60 akafika 30 msimwandike kuwa amepona nusu. Mstari ule una ncha mbili, na hakuna kinachohakikisha kwamba hatua ya 10 hadi 20 ni sawa na ya 70 hadi 80. Andikeni alama zote mbili, kipimo kilichotumika, idadi ya wasikilizaji, na kama walijua rekodi ipi ni ya kabla na ipi ni ya baada.

Wataalamu wa tiba ya usemi